Jina la Aliye Pembeni: Mwongozo Kamili wa Kumtafuta Ndugu Yako Katika Filamu za Zamani za Uganda

Usiku wa kuamkia tarehe 9 Oktoba 1962, pale Kololo, kamera zilinasa bendera ya Waingereza ikishuka na ya Uganda ikipanda. Milton Obote anaonekana, na jina lake limeandikwa. Duke wa Kent, aliyekuja kwa niaba ya Malkia, naye ameandikwa. Lakini uwanja ulifurika watu usiku ule, na wale walioangukia mbele ya lenzi wamebaki katika orodha za hifadhi za filamu kwa neno moja: umati. Ndivyo ilivyo katika filamu nyingi za zamani za nchi yetu. Mkubwa ana jina na cheo. Anayepita nyuma yake na mzigo kichwani ni "mwenyeji", "mwanamke sokoni", "askari".

Huyo mwenye mzigo ni mama wa mtu. Na kijana aliyekuwa na miaka 18 usiku ule wa Kololo amevuka themanini sasa. Kama yu hai, anaweza kukaa mbele ya simu ya mjukuu wake akasema: huyu ni mimi, na huyu wa kando tulikuja naye kwa lori. Filamu imehifadhi sura tu. Jina limo vichwani mwa majirani, na majirani hao tunawazika mmoja mmoja. Kwa hiyo mwongozo huu unaanza na watu, kompyuta inafuata, ingawa wengi hufanya kinyume na kukata tamaa mapema.

Hatua ya kwanza: kaa na mzee

Usimwulize mzee kama aliwahi kupigwa filamu. Atasema hapana, kwa sababu wengi hawakujua. Mpiga picha wa habari alisimama juu ya gari au kwenye roshani, akapiga sekunde chache, akaondoka na filamu yake kuisafirisha kwa ndege. Mwulize alikuwa wapi. Mtajie siku ambazo kamera zilikuwepo kwa hakika, kisha nyamaza umsikilize.

Siku hizo ni nyingi kuliko watu wanavyodhani. Tarehe 29 Aprili 1954 Malkia Elizabeth II alifungua bwawa la Owen Falls, Jinja. Tarehe 17 Oktoba 1955 Kabaka Mutesa II, mfalme wa Buganda, alirudi kutoka uhamishoni Uingereza, na barabara ya kutoka Entebbe ikajaa watu. Kuanzia tarehe 31 Julai 1969 Papa Paulo VI alikaa nchini siku tatu, ziara ya kwanza ya Papa aliye madarakani barani Afrika. Yakaja mapinduzi ya Idi Amin ya tarehe 25 Januari 1971, kisha 1972 Wahindi kupewa siku 90 wawe wameondoka, mkutano wa wakuu wa nchi za OAU, Umoja wa Nchi Huru za Afrika, Kampala mwaka 1975, kuingia kwa majeshi ya Tanzania Kampala Aprili 1979, na NRA, jeshi la msituni la Museveni, kuuteka mji Januari 1986. Aliyekuwa karani, mpagazi au fundi cherehani katika duka la Mhindi mwaka 1972 ana nafasi nzuri kuliko anavyofikiri, kwa kuwa wapiga picha wa nje walizipiga sana barabara za maduka za Kampala katika miezi ile.

Kisha uliza mambo madogo. Alisimama upande gani wa barabara? Alikuwa na nani? Alivaa nini: kanzu, gomesi, sare ya shule, koti la kazini? Alishika nini mkononi? Mvua ilinyesha? Alifika kwa miguu, kwa baiskeli, kwa garimoshi? Katika filamu ya zamani uso wa mtu mara nyingi ni mdogo na umefifia, na utakachokitafuta ni koti, kofia, mwendo, na yule rafiki mrefu aliyesimama kushoto kwake. Mwendo hasa. Watoto humtambua baba yao kwa mgongo, namna anavyotupa mkono akitembea, kabla hawajauona uso.

Rekodi mazungumzo kwa simu, kwa lugha anayoitaka mzee. Kwa wengi wetu Kiswahili kilikuwa lugha ya kambi, ya reli, ya polisi na ya soko, ndiyo maana mzee wa Bombo anaweza kukueleza gwaride lote kwa Kiswahili, lakini habari za mama yake akazitoa kwa Kinubi. Mwache ahame. Aliyetumikia jeshini mwite afande kama wenzake walivyomwita. Utashangaa kumbukumbu zinavyojipanga zenyewe. Ukipata nafasi, wakutanishe wazee wawili wa mtaa mmoja: wa Walukuba pale Jinja, wa nyumba za reli za Nsambya au Tororo. Mmoja atamsahihisha mwenzake, na masahihisho hayo yana thamani kuliko hadithi iliyonyooka.

Jambo moja usilipuuze. Filamu za nchi hii zina damu ndani yake. Mwaka 1973 watu walipigwa risasi hadharani katika miji kadhaa na kamera zilikuwepo. Kuna picha za vita vya 1979, za Luwero, za kaskazini. Mwulize mzee mapema ni miaka gani hataki kuiona. Na kila kipande, kitazame wewe peke yako kwanza, hadi mwisho, kabla ya kumwekea mbele ya macho.

Hatua ya pili: majina ya mahali, ya zamani na ya kati

Wengi hukwama hapa bila kujua sababu. Wanaandika jina la leo, hifadhi inalijua la jana. Bwawa la Nalubaale liko katika orodha kwa jina la Owen Falls. Hifadhi ya wanyama ya Queen Elizabeth ilianzishwa 1952 kama Kazinga, ikapewa jina la Malkia 1954, na enzi za Amin ikaitwa Rwenzori. Maporomoko ya Murchison yaliwahi kuitwa Kabalega. Ziwa Albert liliitwa Mobutu Sese Seko na Ziwa Edward likaitwa Idi Amin, na filamu ya miaka ile huenda imeandikwa hivyo hivyo. Kwa hiyo tengeneza orodha ya majina yote ya mahali unapopatafuta, na tahajia zote, hata zile mbovu. Karani wa London aliyesikia jina la kijiji kwa simu aliliandika alivyoweza.

Ongeza na maneno ambayo wakoloni waliyatumia kwa watu wetu, ingawa yanachoma. Ukitafuta jina la babu yako hutapata kitu. Ukitafuta "natives", "porters", "askaris", "crowd" pamoja na jina la mji, milango inafunguka. Tafuta pia kazi: pamba, kahawa ya Bugisu, gati la Port Bell, reli, hospitali, kwaya. Watu wa kawaida walipigwa filamu zaidi wakiwa kazini.

Hatua ya tatu: jua filamu ziko wapi

Nyumbani anza na UBC, shirika la utangazaji la taifa lililoundwa 2005 kwa kuunganisha Redio Uganda na UTV, televisheni iliyoanza kurusha matangazo 1963. Usitegemee kukuta kila kitu. Kanda za video zilikuwa ghali, na vituo vingi duniani vilizoea kurekodi kipindi kipya juu ya cha zamani. Lakini hazina ipo. Mwaka 2015 yalipatikana hapo makabati yenye makumi ya maelfu ya negativu za wapiga picha wa serikali, nyingi za enzi za Amin, zikiwa ndani ya bahasha zilizoandikwa. Vyuo vikuu vya Michigan na Western Australia vilishirikiana na UBC kuziingiza kwenye kompyuta, na mwaka 2019 sehemu yake ilionyeshwa katika Jumba la Makumbusho la Uganda, Kampala. Hizo ni picha zisizotembea, ndiyo, lakini zikumbuke: mpiga picha wa kawaida na wa filamu walisimama bega kwa bega kwenye hafla ileile. Bahasha yenye tarehe na mahali inaweza kukutatulia filamu isiyo na maelezo yoyote.

Kwa maandishi, nenda Hifadhi ya Nyaraka za Taifa, iliyohamishwa kutoka Entebbe ikaja Wandegeya, na maktaba kuu ya Makerere, ambako utasoma magazeti ya zamani: Uganda Argus, lililogeuzwa Voice of Uganda mwaka 1972, na Munno la Wakatoliki. Gazeti lilipenda kutaja majina ya kwaya, timu, wazee wa kamati, washindi wa maonyesho ya kilimo. Filamu inakupa nyuso kumi na mbili zisizo na jina. Gazeti la siku ya pili yake likakupa majina kumi na mawili yasiyo na uso. Kazi yako ni kuvikutanisha.

Nje ya nchi, filamu nyingi za kabla ya uhuru ziko Uingereza. Idara ya filamu ya makoloni, Colonial Film Unit, ilifanya kazi kati ya 1939 na 1955. Tovuti ya Colonial Film ina orodha ya filamu zaidi ya 6,000 za himaya ya Waingereza, na chache kati yake, kama 150 hivi, zinatazamika hapo hapo. Zilizobaki utaziomba kwa taasisi yenyewe: BFI (British Film Institute), Imperial War Museum, au Bristol Archives iliyopokea makusanyo ya jumba la makumbusho la himaya lililokuwa Bristol. British Pathé waliweka filamu 85,000 YouTube mwaka 2014, na shirika la habari la AP wakafuata 2015 na hazina yao pamoja na ya British Movietone. Picha za shirika la Visnews, walioripoti sana Afrika baada ya uhuru, sasa zimo katika makusanyo ya Reuters. Anza na hizi za YouTube kwa sababu hazihitaji barua wala ada, data ya simu tu.

Kama mzee wako alikuwa KAR (King's African Rifles, jeshi la wakoloni la Afrika Mashariki), kuna njia ya pekee. Kikosi cha nne, cha Uganda, kilikwenda Burma ndani ya Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, iliyopigana bonde la Kabaw mwaka 1944 na kuvuka mto Chindwin mwishoni mwa mwaka huo. Wapiga filamu wa jeshi la Uingereza waliandamana na majeshi, na kazi yao iko Imperial War Museum. Wapiga filamu hao walijaza karatasi kwa kila mkanda waliopiga: tarehe, mahali, kikosi, mara nyingine jina la aliyepigwa. Omba karatasi hiyo pamoja na filamu. Hata kwa filamu za habari za kiraia omba orodha ya picha moja moja, kwa kuwa maelezo yanayowekwa mtandaoni ni muhtasari tu.

Hatua ya nne: kutazama

Tazama mara ya kwanza bila sauti. Sauti ya msimulizi wa filamu za zamani imewekwa studio, mbali, na mtu ambaye pengine hakukanyaga Uganda. Inakuambia nani ni muhimu, na jicho lako linamfuata. Ukizima sauti utaanza kuona pembeni. Mara ya pili isikilize, uandike inavyodai. Mara ya tatu nenda fremu kwa fremu. YouTube kwenye kompyuta, ukisimamisha video, kitufe cha nukta kinasogeza fremu moja mbele na cha mkato kinarudisha nyuma. Kwenye simu punguza kasi hadi 0.25. Sekunde moja ya filamu ya sinema ina fremu 24, na mara nyingi moja tu kati yake ndiyo mtu amegeuza uso sawasawa. Hiyo ndiyo ya kuiandika: dakika, sekunde, mtu wa ngapi kutoka kushoto.

Wakati huohuo hakikisha filamu ni ya siku na mahali inaposema. Wahariri wa habari walichanganya vipande: shangwe za mji mmoja zikabandikwa kwenye hotuba ya mji mwingine. Tafuta vitu vyenye umri. Herufi EAR&H (reli na bandari za Afrika Mashariki) ubavuni mwa behewa zinaonyesha behewa lilipakwa rangi kati ya 1948 na 1969. Hoteli ya Apolo, Sheraton ya leo, ilifunguliwa 1967. Ikionekana imekamilika, filamu haiwezi kuwa ya uhuru. Jumba la mikutano la kimataifa la Kampala ni la 1975. Bendera ya milia myeusi, ya njano na myekundu yenye korongo katikati ni ya 1962 na kuendelea. Angalia pia kama picha imegeuzwa kama kwenye kioo, jambo linalotokea filamu ikipitishwa mashineni upande usio wake: maandishi ya maduka yatasomeka kinyume, na usukani wa gari utakuwa kushoto. Usipoliona hili utamtafuta mtu wa kushoto wakati yuko kulia.

Kuna aina moja ya filamu inayotaka uangalifu zaidi, nayo ni ya mafunzo ya wakati wa ukoloni: namna ya kuchimba choo, kukausha kahawa, kumwogesha mtoto. Wanakijiji wanaonekana kama wenyewe, katika nyumba zao, lakini waliambiwa simama hapa, fanya hivi, rudia. Mama anayeonyeshwa kama asiyejua usafi huenda ndiye aliyekuwa msafi kuliko wote, akachaguliwa kwa sababu alikuwa na subira. Ukimpata ndugu yako katika filamu ya namna hii, usiamini habari inayosimuliwa juu yake. Uliza waliobaki ilikuwaje siku ile, na uandike maelezo yao kando ya filamu. Kwangu hii ndiyo kazi ya haki kuliko zote zilizomo humu.

Hatua ya tano: kuthibitisha

Hamu ya kumwona marehemu ni kubwa, na jicho lenye hamu huona linachotaka. Kwa hiyo usimwulize mtu yeyote, "Huyu si jajja (babu au bibi)?" Mwekee kipande, mwache atazame mara mbili, kisha uliza, "Kuna mtu unamjua hapa?" Usimwonyeshe kidole. Akimtaja mwenyewe, mwulize amemjuaje, na uandike maneno yake: kovu la shavu, pengo la meno, namna alivyofunga mshipi wa gomesi. Rudia na mtu wa pili ambaye hajazungumza na wa kwanza, na ikiwezekana asiwe wa familia. Aliyesoma naye au kufanya naye kazi ni shahidi mzuri kuliko mjukuu aliyemjua akiwa mzee tu.

Kipande kikiwa cha mtaa mzima, kibanda cha video kinasaidia. Omba mwenye kibanda akupe nusu saa mchana kabla ya filamu za kulipia, na waombe wazee waje. Watu wetu wamezoea kibanda chenye VJ anayefasiri kwa sauti huku picha ikienda, kwa hiyo hawataona haya kupaza sauti wakimtambua mtu. Ila watu wakipiga kelele pamoja wanaambukizana. Chukua majina pale, kisha mfuate kila mmoja nyumbani kwake peke yake.

Linganisha na picha ya miaka ileile, siyo ya uzeeni: ya harusi, ya pasipoti, ya shule. Linganisha sikio, mstari wa nywele, urefu dhidi ya mtu anayejulikana. Angalia pia kama alikuwepo kweli: rejista ya ubatizo, kitabu cha kuachishwa jeshi, barua ya ajira ya reli. Mtu aliyekuwa Burma hawezi kuonekana Mengo wiki hiyo hiyo.

Programu za simu zinazodai kutambua nyuso ziache kando. Utafiti wa Joy Buolamwini na Timnit Gebru wa 2018 ulipima programu za kibiashara zinazobaini jinsia ya mtu kwa kuangalia uso: kwa wanaume weupe zilikosea chini ya mara moja katika mia, kwa wanawake weusi moja ilikosea karibu 35 katika mia. Na hizo zilikuwa picha safi za siku hizi. Sura iliyofifia ya 1954, nyeusi na nyeupe, mpe jirani yake aitambue.

Mwishoni jipe daraja la uhakika na uliandike wazi: hakika, yawezekana sana, au yawezekana. Hifadhi zinaheshimu neno "yawezekana" lenye sababu kuliko "hakika" lisilo na shahidi.

Hatua ya sita: barua kwa hifadhi

Andika kwa Kiingereza kama hifadhi iko nje, lakini tunga kwanza kwa lugha yako ili usipoteze kitu. Iwe fupi. Mfano wa maudhui:

"Katika filamu yenu namba hii, kuanzia dakika 1 sekunde 42 hadi sekunde 49, mwanamke wa tatu kutoka kushoto, mwenye gomesi la maua na kikapu, ni marehemu fulani binti fulani, aliyezaliwa mahali fulani. Tumemtambua kwa ushahidi wa watu wawili waliofanya naye kazi, kila mmoja peke yake, na kwa picha ya harusi tunayoambatisha. Tunaomba jina lake liongezwe katika maelezo, liandikwe kwa tahajia hii. Maelezo yenu yanasema mahali ni Kampala; jengo linaloonekana nyuma liko Jinja, tunaomba mlirekebishe."

Sentensi ya mwisho, kama ipo, ndiyo itakayofanya barua isomwe kwa makini, kwa sababu hifadhi hujali sana makosa ya mahali na tarehe. Taja kama unakubali jina liwe hadharani au libaki kwenye kumbukumbu za ndani. Kama aliyeonekana yu hai, uamuzi huo ni wake peke yake. Usimwamulie hata kama ni baba yako. Wasipojibu, ngoja mwezi, andika tena ukitaja tarehe ya barua ya kwanza.

Kama filamu ina ukurasa IMDb, tovuti inayoorodhesha filamu na watu waliomo, jina linaweza kuingia pia huko. Wao wana utaratibu wa mtu aliyeonekana kama mwenyewe, na wa aliyeonekana kupitia picha za hifadhi, na kwa asiyetajwa mwishoni mwa filamu huongeza alama kwamba hakutajwa. Usisahau kuiweka alama hiyo. Mchango usioifuata unaweza kukataliwa.

Kuhusu nakala, elewa hili ili usije ukavunjika moyo. Mwenye filamu ni aliyeipiga au shirika lake. Kuonekana ndani yake hakukupi umiliki. Mashirika ya habari hutoza watengenezaji wa vipindi kwa sekunde au dakika, kulingana na matumizi, na bei hiyo haikuhusu. Omba nakala ya kutazama ya familia, ambayo kwa kawaida huwa na nembo na saa juu ya picha, ueleze kwamba haitaonyeshwa kibiashara. Ukikataliwa, omba fremu moja tu. Fremu moja iliyochapishwa na kuwekwa sebuleni inatosha familia nyingi.

Kamera ikija nyumbani kwako leo

Yote hayo ni ya waliopigwa picha bila kuulizwa. Leo makala zinatengenezwa kila mahali, Arua, Karamoja, Busia, Kampala, na wewe unaweza kuwa ndiye "mwanamke sokoni" wa miaka hamsini ijayo.

Anayekuja lazima ajitambulishe: jina lake, kampuni, nani analipia, filamu itaonyeshwa wapi. Waandishi wa nje husajiliwa na Baraza la Vyombo vya Habari; omba kuona karatasi. Kuja na mwenyekiti wa LC1, baraza la kijiji au mtaa, ni adabu njema lakini mwenyekiti hawezi kukubali kwa niaba yako. Sheria ya Ulinzi wa Data na Faragha ya 2019 inataka ridhaa ya mwenyewe, iliyo huru na yenye kuelewa, na kwa mtoto inataka ya mzazi au mlezi.

Fomu utakayopewa itakuwa kwa Kiingereza. Usitie sahihi wala dole gumba kabla haijasomwa yote kwa lugha yako na mtu uliyemchagua wewe, asiwe mkalimani wao. Sikiliza kifungu kinachosema picha zako zitatumika dunia nzima, milele, kwa njia zote zilizopo na zitakazobuniwa. Karibu kila fomu inacho. Maana yake ni kwamba kampuni inaweza kuuza kipande chako kwa kampuni nyingine, kikatumika katika filamu ya jambo usilolijua. Unaweza kuomba kiandikwe upya: kwa filamu hii tu, na kwa jambo lingine niulizwe. Wengine watakubali, wengine hawatakubali, na wewe pia una haki ya kukataa ukaenda shambani kwako.

Mambo ya kudai ni haya, na ni madogo kwao: jina lako liandikwe unavyolitaka, na utajwe kwa kazi yako, usiishie kuitwa mkimbizi au mgonjwa ikiwa wewe ni mshonaji mwenye cherehani tatu. Maneno yako yakifasiriwa, usomewe tafsiri kabla filamu haijafungwa. Rekodi mahojiano kwa simu yako pia, wazi mbele yao. Hiyo ndiyo kinga yako dhidi ya tafsiri mbovu. Kuhusu pesa, wanahabari wengi hawalipi mahojiano kwa hoja kwamba ushahidi usinunuliwe, na hoja hiyo naikubali. Lakini siku ya kazi uliyoipoteza, nauli, chakula, na kutumia nyumba yako kama eneo la kupigia filamu ni gharama za kweli, zitaje bila haya.

Ukidhurika na picha iliyokwisha kutoka, mwandikie mtayarishaji kwanza. Asiposikia, Ofisi ya Ulinzi wa Data Binafsi hupokea malalamiko, na kama ni kituo cha utangazaji cha hapa nchini, Tume ya Mawasiliano, UCC.

La mwisho ni onyesho. Machi 2012 video ya Kony 2012, juu ya Joseph Kony, kiongozi wa waasi wa LRA katika vita vya kaskazini, iliyotolewa na shirika la Marekani, ilitazamwa zaidi ya mara milioni 100 ndani ya siku sita. Watu wa Lira walioishi vita vile waliionyeshwa baada ya dunia kuiona, uwanjani, usiku, kwenye kitambaa. Walikasirika, mawe yakarushwa, na maonyesho mengine yakasitishwa. Ilikuwa hadithi ya maisha yao na wao walifika mwisho. Kwa hiyo mkae kama mtaa na mtayarishaji, mkubaliane filamu ionyeshwe kwanza hapo ilipopigwa, kwa lugha ya hapo, mapema kiasi kwamba kosa la jina au la maneno bado linaweza kurekebishwa. Makubaliano hayo yaandikwe ndani ya fomu, pamoja na mahali pa onyesho na nani atalipia jenereta, na nakala ya fomu ibaki kwako kabla hajawasha kamera.